Jalada Lililokuwa Likiitwa

Maneno haya niliyasema Tororo, mashariki mwa Uganda, katika kikao cha makarani wa mahakama, wakalimani, mawakili vijana na wenyeviti wa LC, yaani mabaraza ya mitaa, wa pande hizi za mpakani. Nimeyaandika karibu kama yalivyotoka mdomoni. Vicheko nimeviacha ukumbini.

Waheshimiwa mahakimu mlioacha Jumamosi yenu, mawakili, afande wa magereza, wenyeviti, na ninyi makarani wenzangu mlioketi nyuma kama kawaida yetu, hamjambo. Wazee wangu, shikamooni.

Nimeombwa niseme kuhusu amri zinazotoka mahakama za juu kuziambia za chini ziharakishe rufaa zilizochelewa. Aliyenialika nadhani alitarajia nilete sheria. Sheria mnazo, na wanaozijua wamekaa mstari wa mbele. Mimi nilikuwa karani wa masjala kwa miaka 29. Nilianza na taipureta, nikamalizia kwenye kompyuta ambayo printa yake ilikuwa na wino wiki moja kwa mwezi. Kwa hiyo leo nitasema habari za kabati.

Kiswahili changu mtakivumilia. Marehemu baba alikuwa polisi, nikakulia kambini, na kambini watoto wa Kiteso, wa Kilugbara, wa Kiacholi na wa Kisamia tulichezeana na kutukanana kwa Kiswahili. Ndani ya mahakama lugha ni Kiingereza. Lakini pale nje, kwenye benchi la kusubiri, kesi nyingi za mpakani nilizisikia kwanza kwa lugha hii, tena zikiwa na utamu ambao ndani zilikuwa zimeshaupoteza.

Sasa, kabati.

Mzee mmoja alihukumiwa miaka mitatu kwa wizi wa ng'ombe wawili. Mahakama sitaitaja, na msijaribu kukisia, maana nimehamishwa mara saba. Akiwa gerezani akakata rufaa. Sheria ilimpa siku 14. Notisi yake ilitufikia siku ya tisa, imeandikwa na mfungwa mwenzake ambaye mwandiko wake ulikuwa mzuri kuliko wa hakimu. Nikaigonga muhuri. Siku ile rufaa ilikuwa nzima, haina hata mafua.

Kinachofuata hapo watu wengi hawakijui, hata baadhi ya mawakili hawakijui mpaka kiwaume. Jaji wa Mahakama Kuu hawezi kukaa na hukumu ya kurasa sita akasema hii sawa, hii si sawa. Rufaa ya kwanza maana yake ni kuupima ushahidi wote upya. Mahakama ya Juu, ambayo ndiyo ya mwisho kwetu, iliusisitiza wajibu huo katika shauri la Kifamunte, rufaa namba 10 ya mwaka 1997, na kabla yake mahakama ya rufaa ya Afrika Mashariki ilikuwa imeshalisema jambo hilo hilo katika shauri la Pandya, mwaka 1957. Jaji huyo hakumwona shahidi akikunja kofia mkononi. Hakusikia sauti ikikwama. Macho yake na masikio yake ni mwenendo wa shauri, yaani kila swali, kila jibu, kila kielelezo. Na mwenendo huo hakimu anauandika kwa mkono, kwa Kiingereza, huku mkalimani akimgeuzia maneno kutoka Kiteso, na huku wakili akilalamika kwamba mambo yanakwenda polepole.

Kisha lazima mtu auchape.

Mtu huyo alikuwa mimi, au binti mmoja tuliyekuwa naye, ambaye mwaka ule alikwenda likizo ya uzazi. Mwenendo wa yule mzee ulikuwa kurasa 64. Hakimu alikuwa ameshahamishiwa upande wa magharibi, na mwandiko wake, Mungu anisamehe, ulikuwa kama kuku aliyekanyaga wino. Kuna neno ukurasa wa 31 ambalo mpaka leo sijui kama lilikuwa "moonlight", yaani mbalamwezi, au "Monday", yaani Jumatatu. Ilibidi kumwandikia hakimu tumuulize. Barua ilikwenda. Jibu halikuja.

Barua ya kwanza kutoka Mahakama Kuu ilifika mwezi wa tano. Msajili alitaka mwenendo upelekwe haraka. Nikaipokea, nikaigonga muhuri, nikaitoboa tundu mbili, nikaitia ndani ya jalada. Barua ya pili ilikuja mwezi wa 14, ikasema haraka sana. Nikaitoboa tundu mbili. Ya tatu mwezi wa 20, ikasema bila kukosa, na chini ya maneno hayo kulikuwa na mstari uliopigwa kwa rula. Nikaitoboa tundu mbili.

Mmeona nilichokifanya? Barua tatu zilizokuwa zikiliita jalada zilikwenda kulala ndani ya jalada lile lile, na jalada ndani ya kabati. Jalada lilizidi kunenepa, ndiyo tofauti pekee.

Mwenendo uliondoka mwezi wa 26. Sasa afande pale anajua hesabu ifuatayo. Mfungwa mwenye nidhamu husamehewa theluthi moja ya kifungo chake, kwa hiyo wa miaka mitatu hutoka baada ya miwili. Mzee alikuwa nyumbani tangu mwezi wa 24. Jaji aliposoma, haikumchukua muda mrefu. Shahidi aliyemtambua alikuwa mmoja, usiku, na hakimu hakuwa amepima kulikuwa na mwanga gani, walikuwa umbali gani, wala walitazamana kwa muda gani. Tangu shauri la Nabulere la mwaka 1979 kila hakimu nchini hufundishwa kujiuliza maswali hayo kabla ya kumfunga mtu kwa jicho la shahidi mmoja. Mzee akaachiwa huru. Kwenye karatasi.

Alikuja masjala kuchukua nakala. Nilikuwa nimejiandaa kutukanwa, hata nilikuwa nimechagua maneno ya kujibu. Hakunitukana. Aliuliza kama kuna ada ya kulipia nakala.

Kulikuwa na ada. Akalipa.

Nimeeleza kisa hiki kirefu kwa sababu kila mtu akiulizwa kwa nini rufaa huchelewa anataja majaji ni wachache, bajeti ni ndogo, mashauri ni mengi. Yote ni kweli na siyakatai. Mahakama ya Rufaa huketi majaji watatu kwa rufaa moja, Mahakama ya Juu watano, na katika mambo ya katiba Mahakama ya Juu huketi saba. Huwezi kuwagawa wakakaa vyumba viwili. Lakini rufaa ya yule mzee haikumsubiri jaji hata wiki moja. Jaji alikuwapo. Miezi yote ile 26 ilikuwa yetu, ya ghorofa ya chini, na ndiyo sababu amri kutoka juu zina maana. Pia ndiyo sababu amri nyingi kutoka juu zinaanguka: zinaandikwa kana kwamba chini kuna mtu mmoja mvivu anayehitaji kukaripiwa.

Mamlaka ya kuamuru yapo, wala hayajajificha. Ibara ya 28 ya Katiba yetu ya mwaka 1995 inampa mtu haki ya kusikilizwa kwa usawa, kwa haraka na hadharani. Ibara ya 126 inaziambia mahakama zote kwamba haki isicheleweshwe. Ibara ya 133 inampa Jaji Mkuu uwezo wa kutoa amri na maelekezo kwa mahakama ili kazi iende sawasawa. Mahakama Kuu, kwa sheria, inazisimamia mahakama za mahakimu, inaweza kuitisha jalada la jinai ilikague, na inaweza kukomesha ucheleweshaji pale unapogeuka kuwa matumizi mabaya ya mahakama. Hata hakimu mkuu ana jicho juu ya mahakimu walio chini yake.

Hapa kuna jambo dogo la kuwaweka sawa mahakimu vijana. Nilipata kumsikia hakimu mmoja akinung'unika kwamba jaji anamwingilia, na akataja ibara ya 128, ile ya uhuru wa mahakama. Bwana mdogo, kukwambia peleka mwenendo kabla ya tarehe 15 hakukwambii nani ashinde. Uhuru wako uko kwenye kalamu ya hukumu. Kabati ni la wananchi.

Sasa niulizeni, mama, mbona kuna mashauri hayachelewi? Yapo, na mnayajua. Ya uchaguzi.

Kesi ya kupinga uchaguzi wa rais Katiba iliipa siku 30, na marekebisho yaliyopitishwa na Bunge Desemba 2017 yakazifanya 45. Mwaka 2001, mwaka 2006, mwaka 2016, kila mara Mahakama ya Juu ilitoa uamuzi ndani ya muda. Mwaka 2016 uamuzi ulitoka Machi 31, na sababu zake kamili zikafuata Agosti. Sababu zilisubiri, tarehe haikusubiri. Kesi za wabunge nazo Mahakama Kuu imepewa miezi sita kuzimaliza, na rufaa zake sheria inaruhusu zisukume mashauri mengine pembeni. Kila baada ya uchaguzi tuliona hivyo masjala. Majalada yenye alama ya uchaguzi yalichapwa usiku, karatasi zikapatikana, wino ukapatikana, hata chai ya makarani ikapatikana. Wale waliokuwa kabatini kwa wizi wa baiskeli wakazidi kusukumwa nyuma.

Sisemi kesi za uchaguzi zisiharakishwe. Ninasema zilinifundisha kitu. Mikono ilikuwa ile ile, kompyuta ile ile, mwandiko wa mahakimu wale wale. Kilichobadilika ni kwamba karatasi ilikuja na tarehe, na mtu fulani mkubwa angeulizwa tarehe ikipita. "Haraka" haina tarehe. "Haraka sana" haina tarehe pia, imeongezewa hasira tu.

Mawakili hapa watanikumbusha shauri la Susan Kigula na wenzake 417, wale waliokuwa wamehukumiwa kifo. Ndiyo, nalijua, tulilifuata kwenye redio kama mpira. Januari 2009 Mahakama ya Juu ilisema kwamba adhabu ya kifo ya lazima, isiyompa jaji nafasi ya kuchagua, haikubaliki kikatiba. Ikasema tena jambo la pili, na hili ndilo langu leo: mtu akikaa zaidi ya miaka mitatu akisubiri kunyongwa baada ya mahakama ya juu kabisa kuthibitisha adhabu yake, kusubiri huko kumepita kiasi, na adhabu inageuka kuwa kifungo cha maisha. Watu hawa hawakutolewa kitanzini na maneno matamu. Walitolewa na nambari. Miaka mitatu. Mkuu wa gereza anaweza kuihesabu kwa vidole.

Lakini tazameni saa hiyo inaanza kugonga wapi. Inaanza baada ya rufaa ya mwisho. Miaka ya kusubiri rufaa yenyewe, kutoka Mahakama Kuu kwenda ya Rufaa, kutoka ya Rufaa kwenda ya Juu, haimo ndani ya hesabu. Na kwa mtu wa kawaida, mwizi wa kuku, aliyepigana baa, mama aliyetia sahihi karatasi ya deni asiyoielewa, hakuna saa kabisa. Wacha niwaambie kichekesho kimoja, ingawa hakichekeshi. Mahakama ya Katiba iliamua shauri la Kigula Juni 2005. Rufaa yake ikaamuliwa Januari 2009. Hesabuni wenyewe. Rufaa iliyoweka miaka mitatu kuwa ukomo wa kusubiri kitanzi yenyewe ilingojewa zaidi ya miaka mitatu na nusu. Sidhani kuna mtu alikusudia. Ndivyo mambo yanavyokwenda pale ambapo hakuna saa ukutani.

Kwa hiyo, kama ningekuwa naandika mimi ile barua inayotoka juu, ningeiandikaje? Samahani waheshimiwa, karani akistaafu huota ndoto za ujaji.

Kwanza nisingeandika "majalada yote yaliyochelewa". Ukiniambia yote, umeniambia hakuna hata moja. Ningetaja jalada kwa nambari, na ningetaja tarehe ya kuondoka, na ningemtaja kwa cheo mtu wa kujibu kama halijaondoka. Halafu ningeagiza kwamba jibu lirudi hata kama kazi haijafanyika: "Hatujamaliza, kurasa 40 kati ya 64, hakimu hajasoma neno moja ukurasa wa 31." Jibu la namna hiyo ni dhahabu. Msajili akiliona anaweza kumpigia simu hakimu kule magharibi dakika ile ile. Mimi niliandika barua nikakaa kusubiri, kwa sababu karani hampigii hakimu simu kumuuliza mwandiko. Heshima hiyo ilimgharimu yule mzee miezi minne au mitano.

Lakini kubwa kuliko yote ni foleni. Kabati letu lilikuwa na foleni ya aliyetangulia kufika. Inaonekana haki, sivyo? Kama ya benki. Basi fikirini mtu wa miaka minane aliyekata rufaa Januari na mtu wa miezi 18 aliyekata Februari. Wa miezi 18, ukiondoa theluthi, ana mwaka mmoja tu ndani. Ukimchapa wa Januari kwanza kwa sababu alitangulia, wa Februari anatoka na rufaa yake inageuka karatasi ya kumbukumbu. Yule wa miaka minane angeweza kungoja wiki tatu bila kupoteza rufaa. Huyu hakuweza.

Nilikuja kulielewa jambo hili baada ya yule mzee kulipa ada. Niliporudi mezani nikachukua daftari la rufaa, nikaongeza safu moja pembeni kwa kalamu nyekundu: "Anatoka lini". Nilipiga simu gerezani kwa kila jalada. Afande mmoja alikasirika, mwingine akanielewa haraka kuliko hakimu wangu. Tukaanza kuchapa kwa kufuata safu hiyo. Kazi haikuongezeka. Wachapaji walikuwa wale wale wawili, na printa ilikuwa na tabia zake zile zile. Lakini wenye vifungo vifupi walianza kusikilizwa wakiwa bado wamo ndani.

Kwa nini amri ya aina hiyo isitoke juu? Jaji akiketi na kuandika kwamba mahakama zote za mkoa zipange rufaa za wafungwa kwa tarehe ya kutoka, hakuna anayehitaji fedha mpya kutekeleza. Anahitaji kalamu nyekundu.

Na pale ambapo kweli haiwezekani, pale ambapo kurasa ni 600 na mchapaji ni mmoja, basi tuseme ukweli kwamba haiwezekani, na mtu apewe dhamana angojee nyumbani. Najua neno dhamana baada ya hukumu linawakera wengi. Jirani zangu wakisikia mtu amefungwa Jumatatu na yuko sokoni Ijumaa wanasema hakimu kala. Lakini sheria yetu inaijua. Katika maombi ya Arvind Patel ya mwaka 2003, Jaji Oder wa Mahakama ya Juu alitaja mambo ya kuangaliwa: tabia ya mwombaji, kama ni kosa lake la kwanza, kama kosa lilikuwa na kumdhuru mtu mwili, kama rufaa ina uzito wowote, kama alitii masharti ya dhamana ya kwanza, na, sikilizeni hapa, uwezekano wa rufaa kuchelewa sana. Basi mahakama ya chini ikishindwa tarehe, kushindwa huko kuwe ushahidi. Karani aandike cheti: mwenendo hautakuwa tayari kabla ya tarehe fulani, mrufani anatarajiwa kutoka tarehe fulani. Mistari miwili. Wakili wa mrufani akiwa nayo mkononi hahitaji hotuba ndefu.

India walifika hapo zamani. Mwaka 1977, katika shauri la Kashmira Singh, mtu mwenye kifungo cha maisha aliyekwisha kukaa ndani zaidi ya miaka minne huku rufaa yake ikiwa katika Mahakama ya Juu ya huko, Jaji Bhagwati alisema kwa maana hii: ikiwa mahakama yenyewe haiwezi kusikiliza rufaa kwa muda unaofaa, basi kwa kawaida imwachie mtu kwa dhamana, isipokuwa kuna sababu nzito ya kutofanya hivyo. Na hapo mahakama ilikuwa inajisemea yenyewe, ikiusahihisha mtindo wake wa miaka mingi. Hilo ndilo lililonivutia. Ni rahisi kumwamuru aliye chini aharakishe. Kujiamuru mwenyewe kunahitaji kifua.

Nisije nikaonekana ninaitwisha mahakama peke yake. Kuna rufaa ambazo mwenye rufaa hataki kabisa zisikilizwe. Mnaocheka mnazijua: ni za ardhi. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi utekelezaji wa hukumu. Lazima uombe amri ya zuio. Mtu akishapata zuio akiwa ndani ya shamba, analima misimu sita, anapanda hata kahawa. Mjane aliyeshinda kesi anapita barabarani akiangalia mahindi ya mwingine. Ukimuuliza mrufani, "Mzee, mwenendo ulishachapwa, mbona huji kuuchukua?", anakwambia wakili amesafiri. Kanuni za Mahakama ya Rufaa zinampa siku 60 baada ya notisi kupeleka kumbukumbu ya rufaa, na muda wa kutayarisha mwenendo hutolewa kwenye hesabu iwapo aliuomba kwa maandishi ndani ya siku 30. Msajili hutoa cheti cha muda huo. Cheti hicho, ndugu zangu, nimekiona kikitumika kama blanketi. Dawa yake ipo pia kwenye kanuni: aliyeshinda anaweza kuomba rufaa ifutwe kwa kuwa hatua muhimu haikuchukuliwa. Lakini mjane hajui, na wakili wake alishalipwa kwa kesi ya kwanza, ya pili hajaambiwa. Hapa amri ya kuharakisha kutoka juu ingemsaidia mjane kama ingeelekezwa kwa mrufani: chukua mwenendo ndani ya siku kadhaa, la sivyo zuio linaanguka lenyewe. Anguko la zuio lina nguvu kuliko barua mia.

Wenyeviti wa LC, hapo ndipo ninyi mnaingia. Mjane anakuja kwenu kwanza, kabla ya kuja kwetu. Msimwambie tu avumilie. Mwambieni aende masjala aulize maswali mawili: mwenendo ulichapwa lini, na nani kauchukua. Asiondoke bila tarehe. Karani akimzungusha, kuna Tume ya Utumishi wa Mahakama, ambayo Katiba imeipa kazi ya kupokea malalamiko ya wananchi kuhusu mahakama. Ndiyo, ninawafundisha kutushtaki. Nimestaafu, hamwezi kunihamisha mara ya nane.

Kuhusu kompyuta nitasema kidogo, kwa maana vijana wananitazama kama mtu aliyesahau jambo. Mwaka 2022 ulizinduliwa mfumo wa kielektroniki wa kusimamia mashauri, na pale ulipofika, wakili anaweka nyaraka bila kuja kupanga foleni dirishani. Zipo mahakama zenye vinasa sauti. Ni vizuri sana. Lakini sauti iliyonaswa bado inahitaji mtu wa kuiandika, na jalada la kompyuta linaweza kulala kama la karatasi, tofauti ni kwamba halipati mchwa. Mfumo ukiwa na ile safu yangu nyekundu, ukamlilia msajili siku 30 kabla mfungwa hajatoka, nitaupigia magoti.

Wakalimani, sijawasahau. Kosa lenu la dakika moja linaweza kuongeza rufaa miezi sita. Mtu akisema kwa Kiswahili cha hapa "nilimkuta nayo", na wewe ukamgeuzia hakimu kwamba alimkuta akiiba, rufaa nzima itasimama juu ya neno hilo, na hakuna sauti ya kurudia kusikiliza. Ukiwa na shaka, sema mbele ya mahakama kwamba una shaka, na hakimu aandike neno la asili kando. Nimeona jaji akishukuru kwa neno moja la Kiteso lililoachwa kama lilivyo kwenye mwenendo.

Afande, na wewe. Notisi ya rufaa ikitoka gerezani, isije peke yake. Ije na kijikaratasi kinachosema mfungwa huyu anatarajiwa kutoka tarehe gani. Ninyi tarehe hiyo mnayo tangu siku anayoingia, imeandikwa kwenye kadi yake. Sisi tulikuwa tunaitafuta kwa simu, tena kwa salio letu wenyewe.

Nimepewa dakika 30, na naona mwenyekiti ameanza kuitazama saa kwa ile adabu ya watu wa Tororo. Namalizia na karatasi hii.

Daftari la rufaa ni mali ya mahakama, lilibaki lilipo. Nilichokuja nacho ni ukurasa mmoja mtupu nilioupigia mistari jana usiku. Una safu nane: nambari ya jalada, tarehe ya notisi, tarehe ya kuomba mwenendo, idadi ya kurasa za mkono, jina la mchapaji na siku aliyopewa, siku hakimu aliposoma na kuthibitisha, siku jalada lilipoondoka na aliyelibeba. Ya nane mnaijua, nimeiandika kwa nyekundu. Mwenye kutaka kuunakili aje hapa mezani kabla chai haijapoa, na aje na kalamu yake. Mbili nilizokuja nazo asubuhi wameshaondoka nazo, na humu ndani tumejaa watu wa sheria.